Kufutwa Kazi Shuleni, Kutishwa na Seli

Ugomvi wa kazi katika shule ndogo za Kibera na Kawangware huanzia kwenye mshahara. Mwalimu amemaliza mwezi wa pili bila kulipwa, kodi ya nyumba inadaiwa, anamfuata mwenye shule ofisini. Maneno yanapanda. Mmoja anasema, “Nyinyi watu ndivyo mlivyo.” Mwingine anajibu, “Sasa nimejua hapa kazi ni ya watu wa kwenu.” Kufikia jioni mwalimu ameambiwa asirudi. Kufikia asubuhi kuna nambari ya OB, daftari la matukio, katika kituo cha polisi, na jambo lililokuwa la mshahara sasa limegeuka la ukabila.

Aliyeripoti anaweza kuwa yeyote kati ya hao wawili. Mwalimu aliyefutwa husema ametukanwa kwa kabila lake. Mwenye shule naye husema mwalimu amewachochea wazazi dhidi yake katika kundi la WhatsApp. Kinachofuata ni simu kutoka nambari ngeni: “Fika kituoni tuongee.” Hakuna barua, hakuna maelezo ya kosa. Anayeipokea simu hiyo siku ya Alhamisi jioni halali, kwa maana kila mkazi wa Nairobi anajua Ijumaa ni siku gani.

Kifungu cha 49 cha Katiba kinataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani kabla ya saa 24 kupita. Lakini kifungu hicho hicho kinasema saa hizo zikiishia nje ya muda wa kawaida wa mahakama, afikishwe siku ya kazi inayofuata. Ndipo palipozaliwa ile inayoitwa Kamata Kamata Friday. Ukishikwa Ijumaa alasiri, Jumamosi na Jumapili ni za seli. Mwanasiasa aliyeshikwa hivyo hutoka Jumatatu akipungia umati mkono. Mwalimu wa shule ya mabati hutoka akiwa hana kazi, na mtaa mzima umekwisha kusikia kwamba alifungwa kwa uchochezi.

Kuna kinga ya kisheria dhidi ya mtego huu, na wenye pesa wanaijua vizuri. Ni dhamana ya kabla ya kukamatwa. Mtu anayeamini kwamba polisi wanataka kumshika kwa hila huenda Mahakama Kuu mapema na kuomba amri kwamba wasimtie ndani, au wakimshika wamwachilie papo hapo kwa masharti ambayo jaji ameyaweka. Wabunge huiomba. Magavana huiomba. Mabwanyenye wenye kesi za mashamba huiomba. Katika vijiji vya Gatwekera, Lindi na Laini Saba, au kule Gatina na Congo upande wa Kawangware, ni nadra kukuta mwalimu anayejua kwamba kinga hiyo ni yake pia.

Ukiisoma Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, sehemu ya 123 inayohusu dhamana, hutaikuta humo. Kinga hii ni kazi ya majaji, na wameijenga juu ya Katiba. Katika kesi ya W'Njuguna dhidi ya Jamhuri, iliyochapishwa katika ripoti za sheria za 2004, enzi ya katiba ya zamani, Mahakama Kuu ilikubali kwamba mtu anaweza kukimbilia kwake kabla hajakamatwa pale ambapo chombo cha dola kinavunja haki zake vibaya. Baada ya Katiba ya 2010, majaji waliendelea na mstari huo. Katika kesi ya Eric Mailu ya 2013, na tena katika ile ya Mandiki Luyeye ya 2015, msimamo ulikuwa mmoja: mwombaji aonyeshe kwamba haki zake za kimsingi zimevunjwa au ziko karibu kuvunjwa, na hofu yake iwe na msingi unaoonekana. Kusema tu “naogopa” hakutoshi.

Hapo ndipo maombi mengi huanguka. Hofu ya mwalimu ni ya kweli moyoni mwake, ila jaji anataka kuiona kwenye karatasi. Nani alikupigia simu, lini, saa ngapi? Alisema anatoka kituo kipi? Je, kabla ya hapo ulikuwa umeandika barua ya kudai mshahara, na barua hiyo ina tarehe gani? Tarehe hizo mbili, ya barua ya madai na ya simu ya polisi, zikiwekwa kando kwa kando ndizo hueleza kisa chote. Mwajiri aliyekaa kimya wiki tatu baada ya kutukanwa, halafu akaenda kituoni siku mbili baada ya kupokea barua ya kudaiwa, ana maswali ya kujibu. Mwalimu naye aliyenyamaza mwaka mzima, akakumbuka tusi la kabila siku aliyofutwa, ana yake.

Halafu kuna ile picha ya skrini ya simu. Karibu kila ugomvi wa aina hii sasa unayo. Mara nyingi imekatwa juu na chini, haionyeshi tarehe, haionyeshi ujumbe uliotangulia, na jina la mwandishi limehifadhiwa kwa namna aliyopenda mwenye simu. Mtu anayetaka jaji amwamini asilete picha ya namna hiyo. Alete mazungumzo yote, tangu salamu mpaka tusi, na simu yenyewe aihifadhi bila kufuta kitu.

Amri yenyewe, ikitoka, ina mipaka yake. Haiui uchunguzi. Polisi wataendelea kuhoji mashahidi, na Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma bado ndiye mwenye uamuzi wa kushtaki, kwa mujibu wa Kifungu cha 157. Mwombaji huagizwa afike kituoni kuandikisha taarifa, asiwatishe mashahidi, na aghalabu aweke pesa au mdhamini. Amri huwa ya muda. Akishtakiwa, suala la dhamana huhamia kwa hakimu atakayesikiliza kesi. Nalieleza hili kwa sababu wapo wanaodhani kwamba aliyepata amri hiyo ameshinda kesi, na wapo walalamishi wanaokata tamaa wakidhani mlango umefungwa. Haujafungwa. Aliyebaguliwa anabaki na haki yake yote ya kusikilizwa; kilichozuiwa ni seli kutumiwa kama adhabu kabla ya ushahidi.

Wala mtu asidhani malalamiko ya ukabila ni jambo dogo katika mitaa hii. Kibera iliungua katika ghasia za baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, na majirani waliochota maji kwenye mfereji mmoja wakahama usiku. Kawangware ilishika moto Oktoba 2017, siku moja tu baada ya uchaguzi wa urais wa marudio, vibanda vikachomwa na watu wakasakwa kwa majina yao. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008 ilizaliwa na majivu ya ghasia za kwanza. Sehemu ya 13 inaadhibu matamshi ya chuki ya kikabila kwa faini ya hadi shilingi milioni 1, kifungo cha hadi miaka 3, au vyote viwili. Sehemu ya 62 inaadhibu anayetamka maneno kwa nia ya kuchochea dharau, chuki au ubaguzi kwa misingi ya kabila, na kifungo chake kinafika miaka 5. Hizi ni adhabu nzito, na ni haki ziwe nzito.

Neno la kuzingatia katika sehemu ya 62 ni nia. Maneno machungu yaliyotupwa ofisini kati ya watu wawili, mlango umefungwa, yanaweza kuwa ushahidi mzuri wa ubaguzi kazini na bado yasifike kiwango cha uchochezi. Polisi hulijua hilo, ndiyo maana ugomvi wa maneno mara nyingi huishia kwenye shtaka la kuzua rabsha, chini ya sehemu ya 95 ya Kanuni ya Adhabu. Na hapa kuna jambo ambalo kila mkazi anapaswa kulijua. Adhabu ya kosa hilo ni kifungo kisichozidi miezi 6, na Kifungu cha 49(2) cha Katiba kinasema mtu asizuiliwe rumande kwa kosa ambalo adhabu yake ni faini pekee au kifungo kisichozidi miezi 6. Yaani mwalimu anayelazwa ndani wikendi nzima kwa kuzua rabsha amelazwa kwa kosa ambalo Katiba yenyewe inakataa alale rumande kwa ajili yake. Nimelisoma mara nyingi fungu hilo dogo, na kila mara najiuliza ni walimu, wachuuzi na makanga wangapi wamekaa seli bila mtu wa kuwasomea.

Kabila na kazi za elimu havikuanza kugombana katika shule za mabati. Septemba 2016, magavana Jackson Mandago wa Uasin Gishu na Alex Tolgos wa Elgeyo Marakwet waliandamana na wafuasi wao hadi Chuo Kikuu cha Moi wakipinga Profesa Laban Ayiro kukaimu unaibu chansela. Walitaka kiti kipewe mwenyeji. Nchi nzima iliona, Tume ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa, ile tuliyoizoea kwa jina la NCIC, ikalaani. Wakubwa wakisema hadharani kwamba kazi ya chuo cha umma ina mwenyewe kwa kabila, mwenye shule ya vyumba sita kule Kawangware 56 atajifunza nini?

Shule hizo ndogo ndizo zinazosomesha watoto wengi wa mitaa hii, kwa kuwa shule za umma ni chache na zimejaa pomoni. Wengi wa walimu wake hawaajiriwi na Tume ya Huduma za Walimu, TSC, wala hawamo katika vyama vikubwa vya walimu. Wengi hawana mkataba wa maandishi. Machi 2020 shule zilipofungwa kwa sababu ya korona, walimu wengi wa shule za kibinafsi kote nchini walirudi nyumbani bila mshahara kwa miezi mingi, na baadhi ya shule hazikufunguliwa tena. Mwenye shule huajiri anaowajua: binamu, mshirika wa kanisa, mtu wa kijiji cha kwao. Haoni kwamba amebagua, anaona amesaidia. Lakini ile sheria ya 2008, katika sehemu ya 7, inayokataza zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi kutoka jamii moja, inahusu taasisi za umma pekee. Shule ya kibinafsi haiguswi na hesabu hiyo.

Inaguswa na sheria nyingine, yenye makali zaidi kuliko wengi wanavyodhani. Kifungu cha 27(5) cha Katiba kinamkataza mtu yeyote, si Serikali pekee, kumbagua mwenzake kwa kabila. Sehemu ya 5 ya Sheria ya Ajira ya 2007 inakataza ubaguzi wa kikabila katika kuajiri, kupandisha cheo, kulipa na kufuta, na mfanyakazi akishalalamika, ni mwajiri anayebeba mzigo wa kuthibitisha kwamba hakubagua. Kwa polisi na mahakama ya jinai mzigo uko kinyume: upande wa mashtaka lazima uthibitishe hatia bila shaka yoyote ya maana. Mwalimu aliyebaguliwa kweli, kwa hiyo, ana nafasi kubwa ya kupata haki mbele ya jaji wa kazi kuliko mbele ya mkuu wa kituo. Ni ajabu kwamba watu hukimbilia palipo pagumu na kuacha palipo na njia.

Katika suala hili la dhamana ya kabla ya kukamatwa na malalamiko ya ubaguzi, watu wa India wametutangulia, na safari yao ina funzo. Huko ubaguzi ni wa tabaka. Sheria yao ya 1989 ya kuwalinda watu wa matabaka yaliyodharauliwa na makabila ya asili, katika sehemu ya 18, inawanyima washtakiwa dhamana ya kabla ya kukamatwa. Sababu yake ni nzito: wenye nguvu vijijini walikuwa wakipata amri hiyo, kisha wanarudi kuwatisha walalamishi. Machi 20, 2018, Mahakama ya Juu ya India ilitoa uamuzi katika kesi ya Mahajan. Ilikuwa kesi ya kazi katika taasisi ya elimu hasa. Mfanyakazi wa chuo cha serikali cha ufamasia huko Karad, jimbo la Maharashtra, aliandikiwa na wakubwa wake ripoti mbaya ya utendaji, akalalamika kwamba ameonewa kwa tabaka lake, na mkurugenzi aliyekataa kuidhinisha mashtaka dhidi ya wakubwa hao akageuziwa kesi yeye mwenyewe. Majaji walisema sheria ilikuwa ikitumiwa vibaya, wakaruhusu dhamana hiyo na kutaka uchunguzi wa awali kabla ya mtu kukamatwa.

Nchi ililipuka. Aprili 2, 2018, watu wa matabaka ya chini waliandamana kila upande wa India, na kadhaa waliuawa. Agosti mwaka huo Bunge likapitisha sehemu ya 18A kurudisha zuio. Oktoba 2019 Mahakama ya Juu ikafuta maagizo yake yenyewe, na Februari 10, 2020, katika kesi ya Prathvi Raj Chauhan, ikaikubali sehemu ya 18A. Ikaacha tundu moja: pale ambapo malalamiko kwa sura yake hayaonyeshi kosa lolote chini ya sheria hiyo, zuio halifanyi kazi.

Nimewaelewa waandamanaji wale. Mtu aliyedharauliwa vizazi na vizazi akisikia mahakama inasema malalamiko yake huenda ni ya uongo, anasikia mlango wa mwisho ukifungwa. Hata hivyo naona Kenya imefanya vyema kumwachia jaji uamuzi, kesi kwa kesi. Kwetu hakuna jamii moja ambayo daima ndiyo mnyonge katika kila ofisi. Mluo aliye mwajiri Gatwekera ni mwajiriwa kwingineko. Mkikuyu mwenye ploti na shule Kawangware ana binamu anayefanya kazi ya mjengo chini ya msimamizi wa jamii nyingine. Mnubi ambaye ukoo wake umekaa Kibera zaidi ya karne moja ametafuta kitambulisho kwa taabu kubwa. Zuio la jumla hapa lingemkabidhi kila mwenye hasira ufunguo wa seli.

Tatizo letu ni kwamba jaji huyo anafikiwa na wachache. Kwa wengi dhamana ya kabla ya kukamatwa ina maana ya wakili, cheti cha dharura, hati ya kiapo, kuwasilisha nyaraka mtandaoni, na pesa za kuweka ambazo zinaweza kuzidi mshahara wa mwalimu wa miezi mingi. Katika ugomvi wa shule, basi, anayeweza kuipata ni mwenye shule. Mwalimu anabaki na simu yake mkononi, akisubiri Ijumaa.

Na Katiba haikukusudia hivyo. Kifungu cha 22(3) kinasema taratibu za kudai haki ziwe nyepesi, mahakama ipokee inapobidi kesi iliyoletwa kwa nyaraka zisizo rasmi, na hakuna ada inayotozwa kuanzisha kesi ya namna hiyo. Kanuni za 2013 za kulinda haki na uhuru wa kimsingi, zile zinazoitwa Kanuni za Mutunga, zinaruhusu mahakama kupokea barua, au hata ombi la mdomo. Barua ya mkono, iliyoandikwa kwa kalamu ya kusahihishia madaftari, ikisema nani ananitisha, tangu lini, na kwa nini, inatosha kumfungulia mwalimu mlango wa Mahakama Kuu. Siku hizi Mahakama Kuu ina kituo chake papo hapo Kibera, hatua chache kutoka kwa watu wanaoihitaji.

Kabla ya kufika huko kuna mambo ya kufanya. Ukiitwa kituoni kama shahidi, omba wito wa maandishi. Sehemu ya 52 ya Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi inataka wito huo uandikwe. Nenda na mtu. Usiandikishe taarifa kwa lugha usiyoielewa sawasawa. Ukiombwa pesa za dhamana ya polisi, dai risiti, na kumbuka kwamba bondi yenyewe haina bei.

Madai ya kazi yapeleke kunakohusika. Watu wa mtaa husema “nitakupeleka leba,” na wako sawa: afisa wa leba hupokea malalamiko ya kufutwa ndani ya miezi 3. Mahakama ya kazi inakubali kesi ndani ya miaka 3, na tangu Juni 2018 mahakimu wa ngazi ya juu wamepewa idhini ya kusikiliza kesi za wanaolipwa hadi shilingi 80,000 kwa mwezi, kiwango kinachowafikia takriban walimu wote wa shule hizi. Usiwe na hofu kwa kukosa mkataba wa maandishi. Sheria inamtaka mwajiri auandike, na asipouonyesha, ni juu yake kukanusha masharti unayoyadai. Mwajiri ambaye hakukuita kukusikiliza ukiwa na mwenzako kazini, kama sehemu ya 41 ya Sheria ya Ajira inavyoagiza, ameanza kesi akiwa nyuma. Tusi la kabila nalo lipeleke NCIC, ambako wanaweza kuwakalisha chini mkasikilizana. Kituo cha Sheria, kinachotetea wasiojiweza tangu 1973, kina ofisi Ole Odume Road, si mbali na Kawangware.

Kwa wenye shule neno langu ni fupi. Lipa mshahara, andika mkataba, na ukimfuta mtu mpe sababu kwa maandishi. Ukishafanya hayo hutahitaji kumwita askari amtishe mwalimu.

Kwa Idara ya Mahakama nina ombi moja. Wekeni fomu ya ukurasa mmoja kwenye kaunta ya masjala ya Kibera, kwa Kiswahili, lugha rasmi chini ya Kifungu cha 7, yenye nafasi ya jina, kituo cha polisi, tarehe ya tisho na sababu ya hofu. Ibandikeni pia kwa chifu na kwenye malango ya shule, Kibera na Kawangware, kabla ya muhula ujao kufunguliwa.